Hakuna Ngamia

Nilikulia Mombasa, wakati waimbaji wa taarabu walipochota tuni za filamu za Kihindi na kuzitia maneno ya Kimvita. Bingwa wao alikuwa Juma Bhalo. Mimi nilipiga fidla katika bendi za harusi, na sikuwahi kujiuliza ni nani aliyezitunga tuni hizo.

Nilipohamia London niliendelea na harusi zilezile, ila kwa baridi. Ndipo mwanafunzi mmoja wa filamu akaniomba muziki. Katika taarabu wapigaji huanza na bashrafu, kipande cha ala tupu, mwimbaji ametulia kitini, hana haraka. Filamu haimsubiri mtu. Kila sekunde ina fremu 24. Ukitaka mapigo 120 kwa dakika, pigo moja linaangukia kila fremu ya 12, na sikioni unawekewa mlio, tik, tik, usipotee. Miongoni mwa walioueneza mlio huo ni Max Steiner, mzaliwa wa Vienna aliyehamia Marekani mwaka 1914 na kutunga muziki wa King Kong ya 1933. Enzi hizo walikuwa wakitoboa vitundu kwenye ukanda wa filamu ili mlio usikike.

Mhariri wa muziki aliyenifundisha kazi, mama mtu mzima, alinikataza kuufukuza kwa muziki mlango unaobamizwa kwenye skrini. “Ukibamizwa watu watausikia wenyewe. Wewe shughulika na aliyebaki chumbani.”

Ila aliyenikosha roho ni mhamiaji mwingine, Erich Korngold. Alifika Hollywood mwaka 1934 akitokea Vienna, ana jina kubwa tayari, akawa anaonyeshwa filamu huku ameketi kwenye piano, akitunga papo hapo. Mwaka 1938 alikuwa huko kwa kazi ya filamu ya Robin Hood wakati Hitler alipoitwaa Austria. Myahudi yule hakuwa tena na kwa kurudi. Baadaye akatunga koncheto ya fidla, Jascha Heifetz akaizindua mwaka 1947, imejaa tuni za filamu zake mwenyewe. Wakosoaji wa New York walimbeza. Sisi Mombasa tungemtunza noti.

Mimi kwa muda mrefu niliitwa penye mchanga tu. Ngamia akitokea kwenye skrini, simu inalia: tupe hijazi, ile maqam, ngazi ya sauti za Kiarabu. Nikawapa, kodi ya nyumba haina maqam.

Kilichonigeuza ni filamu ndogo ya nesi wa zamu ya usiku huko Leeds. Anatembea wodini, hasemi kitu. Niliandika fidla moja na cello, hijazi nikaiacha kabisa, ila chini ya fidla cello ikadonoa mdundo wa ngoma ya kumbwaya, polepole mno hata mcheza ngoma asingeutambua. Mwongozaji hakuuliza ni kitu gani. Alisema tu kwamba nesi wake sasa anatembea kama mtu aliyechoka kweli, na picha hakuigusa.

Kazi iliyofuata ilikuwa ya polisi wa Glasgow. Mvua mwanzo mwisho, ngamia hakuna.