Mikono ya Kunduchi, Mikono ya Nyarugusu

Siku tuliyosherehekea shahada yangu ya uzamivu nyumbani Shinyanga, shangazi yangu alinishika mkono mbele ya wageni, akautazama kiganja, akacheka: "Mwanangu, huu bado ni mkono wa mtoto." Sote tukacheka. Yeye alikuwa amepoteza kucha mbili akiponda mawe ya dhahabu Nyarugusu, Geita. Ada yangu ya sekondari ilitoka katika mawe hayo.

Tasnifu niliyotunukiwa ilihusu wachimbaji wadogo. Niliandika kuhusu maduara, leseni na migogoro ya mipaka. Kuhusu wanawake waponda mawe sikuandika hata ukurasa mmoja.

Aliyenionyesha kosa hilo ni mwongozaji filamu wa Kitanzania, Flora M'mbugu-Schelling. Mwaka 1987 alitoa Kumekucha, filamu inayohusu maisha na kazi za wanawake wa nchi hii. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 akapeleka kamera Kunduchi, nje kidogo ya Dar es Salaam, walikokuwa wanawake, wengi wao wakimbizi wa vita vya Msumbiji, wakivunja mawe kwa nyundo ili wauze kokoto. Filamu hiyo, These Hands, ina urefu wa dakika 45 na haina msimulizi. Niliiona ughaibuni, katika maktaba ya chuo kimoja, miaka kadhaa baada ya sherehe ile.

Dakika za mwanzo nilisubiri sauti ya mtaalamu inifafanulie ninachokiona. Haikuja. Nyundo ilipanda, ikashuka, jiwe likapasuka, na mwanamke akanyosha mkono kuchukua jingine. Ndipo nilipotambua kwamba sauti niliyoisubiri ilikuwa ya mtu kama mimi.

Ndugu msomaji, tusiichukulie filamu hii kama habari ya zamani. Ukanda wetu una mgodi mkubwa wa Geita, uliofunguliwa mwaka 2000, na Bulyanhulu ulioufuata. Pembeni yake wako wachimbaji wadogo, na miongoni mwao wako wanawake wanaoponda mawe, wanaochekecha na wanaoosha mchanga wenye zebaki. Makarasha yamechukua sehemu ya kazi hiyo, lakini hayajaimaliza. Hata hivyo, katika taarifa zetu neno "mchimbaji" humkumbuka mwenye leseni na mwenye duara. Anayeponda huonekana kama mtu aliyekuja kusaidia tu. Asiyehesabiwa kuwa mfanyakazi hatapangiwa miwani ya kukinga macho, wala barakoa ya vumbi, wala mafunzo.

Mwaka jana nilimwonyesha shangazi filamu hiyo kwenye kompyuta yangu. Alitazama kimya hadi mwisho, kisha akasema: "Yule wa pembeni anashika nyundo karibu mno na kichwa chake. Atachoka kabla ya adhuhuri." Akanyamaza kidogo, akaniuliza: "Na wewe ulipokuja Nyarugusu na madaftari yako, mbona hukukaa nasi?"

Sikuwa na jibu la kumridhisha mtu aliyenilipia ada. Nilimwambia nitarudi, safari hii nikianzia pale wanapoketi waponda mawe. Wanafunzi wangu wanaotafuta mada ya utafiti wanakaribishwa tufuatane.