Kokoto za Kunduchi

Wapenzi wa mambo ya kale huijua Kunduchi, kaskazini mwa Dar es Salaam, kwa magofu ya msikiti wake na kwa makaburi yenye minara iliyopachikwa bakuli za Kichina. Flora M'mbugu-Schelling, ambaye mwaka 1987 alikuwa amekwisha kutoa "Kumekucha", filamu juu ya wanawake wa Tanzania, hakuifuata Kunduchi hiyo. Alipeleka kamera machimboni, kwa wanawake wanaoponda mawe kuwa kokoto, wengi wao wakimbizi wa Kimakonde kutoka Msumbiji. Filamu iliyozaliwa huko mwaka 1992, "These Hands", yaani "Mikono Hii", ina dakika 45 tu.

Haina msimulizi, na hilo ndilo linalonirejesha kwayo. Sisi wenye kazi ya maneno twajua tabu ya kunyamaza. Mwingine angalitujazia sauti yake tangu mwanzo: huyu kakimbia vita, yule ana watoto wa kulisha. Bibi huyu ametuachia nyundo, jiwe na mlio. Mgongano ule ule hurudi na kurudi, hata sikio likaanza kuuhesabu kama mizani ya shairi.

Kisha wanawake wanaimba, na wanacheza. Wako watakaosema kwamba hapo filamu imetoka katika ukweli ikaingia katika maonyesho. Kwamba wale akina mama waliichezea kamera. Siafiki. Pwani yetu ina wawe kwa kilimo na kimai kwa bahari, na sijamsikia mtu akidai kwamba mkulima akiimba ameacha kulima. Ama kutazamwa, bila shaka walijua kuwa wanatazamwa. Basi ngoma ile ni neno walilolichagua wenyewe, mchana mzima wa kazi wasiyoichagua. (Heri ngoma hiyo kuliko mahojiano ambamo maskini huulizwa anajisikiaje.)

Kwa mfasiri, wimbo ule ni mtihani. Maandishi ya chini ya picha huweza kuchukua maana, lakini hayachukui pumzi. Anayeimba kwa kifua kilichoshinda vumbini hukata mstari pale pumzi inapokwisha, si pale sarufi inapotaka. Mimi ningalipewa wimbo huo niutafsiri, ningaliuacha ukatike hapo hapo, hata kama mhariri angeninung'unikia.

Mwezi Oktoba wa mwaka ule ule wa 1992, Serikali ya Msumbiji na Renamo walitia saini mapatano ya amani mjini Roma. Jiji la Dar es Salaam limekwisha kuipita Kunduchi, limefika Tegeta na Bunju, nyumba kwa nyumba, zege juu ya zege. Na zege, msomaji mpenzi, haiwi zege bila kokoto.