Susan Wanjiru na Mzigo wa Anne

Ukimtaja mwigizaji Susan Wanjiru mjini Nakuru, wengi watakuuliza ni Wanjiru yupi. Hawana kosa. Akina Wanjiru wamejaa kila mtaa huku, na filamu iliyompa nafasi yake kubwa, Something Necessary ya mwaka 2013, haikuvuma kama Nairobi Half Life iliyoitangulia mwaka 2012, ingawa zote mbili zilizaliwa na mradi uleule wa mwelekezi Tom Tykwer wa Ujerumani. Kwangu mimi, ni wachache miongoni mwa waigizaji wetu walionifunza mengi kama yeye.

Anamwigiza Anne, muuguzi aliyenusurika ghasia zilizofuata uchaguzi wa Kenya wa Desemba 2007. Mumewe ameuawa, mwanawe amelazwa hajitambui, na boma lao shambani limebaki magofu. Kisa kama hiki kinamshawishi mwigizaji alie kutoka mwanzo hadi mwisho. Wanjiru, chini ya mwelekezi Judy Kibinge, amempa Anne ukaidi. Mama huyu anataka nyumba yake isimame tena, basi, na uchungu wake unauona zaidi anaponyamaza.

Sisi wa Bonde la Ufa tunamjua mwanamke huyo. Nakuru na Naivasha zilipowaka Januari 2008, uwanja wa maonyesho ya kilimo hapa mjini uligeuka kambi ya mahema. Tume ya Waki, iliyochunguza ghasia hizo, ilihesabu watu 1,133 waliouawa nchini. Nina majirani waliotoka kwenye mahema yale wakaanza kuuza sukuma wiki, wakasomesha watoto, na hadi leo hawajasimulia yaliyowapata. Filamu hii ilinionyesha kwamba kunyamaza kwao ni kazi, tena ya kila siku, na inachosha.

Kisha yupo Joseph, kijana aliyekuwa katika genge la washambulizi, anayeigizwa na Walter Lagat. Shamba la Anne linamvuta. Anatafuta namna ya kulipa deni lisilolipika. Sehemu hii ni ngumu kuitazama ukiwa mtu wa huku, kwa sababu vijana wale nao walikuwa wa kwetu, na baadhi yao tunapanda nao matatu.

Si Wanjiru peke yake asiyetambulika kwa jina. Waigizaji wengi nchini hupata riziki yao katika tamthilia za vitabu teule vya shule. Wanafunzi wamekuwa wakijazana ukumbini mwa Nakuru Players kutazama Kigogo, na baadaye Bembea ya Maisha, na jioni aliyerudi Njoro au Molo alimtaja Tunu wa Kigogo, hakumtaja dada aliyetoka jasho akiwa Tunu. Labda hiyo ndiyo dalili kwamba kazi imefanywa vizuri. Lakini mwigizaji hali sifa za mhusika. Alipwe kwa wakati, na jina lake liandikwe kwenye bango kwa herufi zinazosomeka.

Waliozaliwa wakati wa ghasia zile watapiga kura ya urais kwa mara ya kwanza mwaka 2027. Ningependa waitazame filamu hii kabla ya siku hiyo, hapahapa Nakuru, kwenye ukumbi wanakoletwa kutazama vitabu teule. Na kabla taa hazijazimwa, mtu asimame mbele yao awatajie Susan Wanjiru na Walter Lagat, kwa majina yao kamili.