Jamaa Anayezima Taa: Muvi Zake Umeziona, Jina Hulijui

Arrival wengi wameiangalia, ile muvi ya 2016 yenye lile dude jeusi kama yai limening'inia hewani, halafu yule mama mtaalamu wa lugha anapelekwa kuongea na viumbe waliomo ndani. Mwigizaji mkuu anajulikana, dairekta anajulikana. Aliyesimamia kamera na taa? Kimya. Na hapa jina lake halitajwi vilevile, anayelijua analijua. Kazi zake ndiyo zitatajwa, maana jamaa ni noma.

Kazaliwa Kentucky, Marekani, 1977. Akasomea Howard, kile chuo kikuu cha Washington kilichoanzishwa kwa ajili ya watu weusi. Pale akapita mikononi mwa mwalimu mmoja Mwethiopia, mtengeneza filamu, ambaye Sankofa yake ya 1993 ilipokosa msambazaji aliizungusha mwenyewe mji hadi mji. Ukifundishwa na mtu wa hivyo, huwezi kutoka unapiga picha kama kila mtu.

Sasa ili umwelewe inabidi urudi nyuma kidogo. Filamu za rangi za zamani hazikutengenezwa kwa kufikiria ngozi nyeusi. Maabara zilikuwa na kadi yenye picha ya mwanamke mzungu, ikiitwa kadi ya Shirley, ndiyo ya kupimia rangi. Shirley akitoka vizuri, basi mashine iko sawa. Mtu mweusi akikaa pembeni ya mzungu kwenye picha moja anabaki macho na meno. Na unajua kina nani walichangia kuwafanya Kodak washtuke? Wauza chokoleti na wauza fanicha, maana bidhaa zao zilikuwa zinatoka rangi moja tu. Yaani chokoleti ilipata mtetezi kabla ya watu.

Kwa hiyo dawa iliyozoeleka ikawa kumwaga taa. Hata mpiga video wa harusi Dar anajua hiyo, anamulika taa nyeupe usoni mpaka bibi harusi anatoka kama kapakwa unga, na ndugu wanafurahi eti mtoto katoka mweupe.

Jamaa akaenda kinyume kabisa. Anazima. Anaacha nusu ya uso ibaki gizani, halafu mwanga anauleta kwa ubavuni au kwa nyuma, laini, kama wa dirishani asubuhi. Ngozi nyeusi ikipata kitu cha kuakisi inang'aa yenyewe, haihitaji kuchomwa na balbu. Weusi unabaki weusi, na bado unaona kila kitu anachowaza huyo mtu.

Kwenye Pariah ya 2011, binti wa Brooklyn anaficha nyumbani jinsi alivyo, na rangi za mwanga zinabadilika usoni kwake kila anapobadilisha watu wa kukaa nao. Bajeti ndogo, lakini tuzo ya upigaji picha ya Sundance wakambebea.

Ila kazi yake tamu kuliko zote ni Mother of George ya 2013. Stori ni ya Wanaijeria wa Brooklyn, na ni ya mtaani kabisa: ndoa imefungwa kwa shangwe, mimba haiji, mama mkwe anakuja na wazo lake ambalo ukilisikia unaweka simu chini. Mke ni yule dada aliyekuja kuwa jenerali mwenye kipara kwenye Black Panther. Angalia vile vitenge, ile bluu na njano, na uso wa mke umesukumwa pembeni ya picha kama vile hata nyumba yenyewe haina nafasi yake. Mwaka huo Sundance wakampa tena tuzo, kwa hiyo na nyingine iitwayo Ain't Them Bodies Saints.

Selma ya 2014 ikafuata. Martin Luther King yupo jela, kiza, unamwona mtu aliyechoka na sio sanamu la uwanjani. Oscar wakamruka.

Walimkumbuka kwenye Arrival. Januari 2017 akawa Mmarekani mweusi wa kwanza kuteuliwa kwenye kipengele cha upigaji picha, na hizo tuzo zimeanza kutolewa 1929! Hesabu mwenyewe. Usiku wenyewe La La Land ikaondoka nayo.

Mwaka 2018 wakampa Solo, ya ukoo wa Star Wars, mapesa ya kufa mtu. Watu wakatoka ukumbini wanalalamika eti giza, hawaoni kitu. Lawama hiyo ina haki nusu. Kumbi nyingi projekta zake zimefifia na hilo sio kosa lake, lakini aliyelipa tiketi naye anataka kuona sura ya mtu.

Kwa hiyo usimwangalie jamaa huyu mchana kwenye daladala, kwenye kioo cha simu utaona uso wako tu. Subiri usiku, zima taa ya chumbani, anza na Mother of George.