Vitabu vya Historia na Safari: Mzazi Awachagulie Vijana kwa Macho Mawili

Katika nyumba nyingi za askari, kitabu ndicho kitu cha mwisho kununuliwa na cha kwanza kuachwa nyuma siku ya uhamisho. Godoro hupanda lori, sufuria hupanda, hata kuku hufungwa miguu akapanda. Lakini vitabu huambiwa kwamba vitafuata baadaye, na baadaye hiyo haifiki. Wala si ajabu. Mshahara hugawanywa kabla haujafika mkononi: unga, karo, sare za shule, dawa, na nauli ya kwenda matangani kijijini. Mzazi anayejinyima akanunua vitabu viwili kwa mwaka amefanya jambo kubwa, na kwa sababu hiyo hapana budi ajue anachonunua.

Miongoni mwa vitabu vyote vinavyowafaa vijana, vile vya historia na vya safari vina kazi ya pekee katika kambi na katika nyumba za polisi. Mtoto wa askari ni msafiri tangu utotoni. Huenda alizaliwa Gulu, akaanza shule Mbarara, akamaliza darasa la saba Jinja. Majirani zake ukutani ni watu wa kila pembe ya nchi, na wote hukutana katika Kiswahili. Lakini mtoto huyo huyo, akienda kuteka maji bombani, husikia maneno: watu wa upande fulani ni wavivu, wa upande fulani ni wakali, wa upande fulani si wa nchi hii, walitoka mbali. Maneno hayo humwingia kabla hajajua kuyapima. Kinachoweza kumkinga ni maarifa ya kweli kuhusu watu hao, walikotoka, walivyoishi na walivyotendeana.

Taabu ni kwamba kitabu nacho chaweza kuwa umbeya, tofauti yake ikiwa ni jalada gumu tu. Mfano mkubwa uko karibu. Mwaka 1862 Mwingereza John Hanning Speke alikaa Buganda zaidi ya miezi minne katika enzi ya Kabaka Mutesa wa Kwanza, na tarehe 28 Julai akafika mahali mto Nile unapotoka ziwani, karibu na Jinja ya leo. Mwaka uliofuata alitoa kitabu kinene kuhusu safari yake. Ndani yake mna mambo mengi ya thamani aliyoyaona kwa macho yake. Lakini mna pia sura ambamo alidai kwamba watawala wa nchi za maziwa makuu walikuwa kabila bora lililotoka Ethiopia likawashinda wenyeji duni. Dai hilo hakulitoa kwa wazee wenye kuhifadhi habari za kale. Kwa sehemu kubwa alilijenga juu ya sura na maumbo ya watu.

Laiti dai hilo lingebaki katika rafu! Wasafiri wengine walilinakili, wamisionari wakalifundisha, na watawala wa kikoloni wakaliamini. Nchini Rwanda, katika miaka ya 1930, serikali ya Wabelgiji ilianza kuandika kabila la kila mtu katika kitambulisho chake. Mwaka 1992 mwanasiasa mmoja wa huko alisimama hadharani akatamka kwamba Watutsi wangerudishwa Ethiopia kwa njia ya mto. Mwaka 1994 mauaji ya kimbari yalipotokea, maiti zilichukuliwa na maji ya mto Kagera hadi Ziwa Victoria, na watu wa mwambao wa Uganda, Kasensero, Lambu na Ggolo, wakazitoa majini na kuzizika. Hapana anayesema kwamba kitabu kimoja cha mwaka 1863 ndicho kilichoua. Wauaji walikuwa watu wenye mikono na akili zao. Hata hivyo, uongo waliouinua kama silaha ulikuwa umepita katika kurasa za vitabu na madarasa ya shule kwa muda wa miaka mia na zaidi. Basi asiseme mtu kwamba kumchagulia mtoto kitabu cha historia ni jambo dogo la nyumbani.

Je, vitabu vya namna hiyo vichomwe? La. Kijana aliyefichwa kitabu atakitafuta gizani, tena atakisoma bila mtu wa kumwongoza. Linalofaa ni kumpa maswali ya kukiuliza. Swali la kwanza ni hili: katika safari hii, nani anatembea, nani anabeba mzigo, na nani anasimulia?

Sidi Mubarak Bombay ni jina ambalo kila kijana wa Afrika Mashariki angestahili kulijua. Alikuwa Myao, akakamatwa utumwani angali mtoto, akapelekwa Bara Hindi, akapata uhuru wake baada ya bwana wake kufariki, ndipo akarudi Afrika. Alifuatana na Burton na Speke kuanzia mwaka 1857, akarudi tena na Speke katika safari ya Buganda, akaenda na Stanley kumtafuta Livingstone mwaka 1871, kisha akavuka bara zima pamoja na Cameron kutoka pwani ya mashariki hadi bahari ya magharibi, safari iliyomalizika mwaka 1875. Chama cha wanajiografia cha London kilimpa nishani, na baadaye malipo ya uzeeni. Lakini Bombay hakuandika kitabu. Kila tunalolijua kumhusu limepita katika kalamu za mabwana waliomwajiri, mara wakimsifu kwa uaminifu, mara wakimlaumu.

Sajini mmoja wa polisi aliyekuwa akisoma habari hizo na binti yake jioni aliulizwa, "Baba, huyu Bombay ni mtu au ni mji?" Akajibu kwamba ni mtu aliyeitwa kwa jina la mji. Binti akafikiri kidogo, akasema, "Sasa mbona ziwa liliitwa kwa jina la malkia wa Uingereza, na yeye aliyetembea kwa miguu hakuitiwa hata kijito?" Sajini hakuwa na jibu la haraka, akamwambia mkewe, "Mama, njoo usikie swali la mwanao." Hapo somo lilikuwa limekwisha kufundishwa. Binti yule alikuwa amegundua kwamba majina ya ramani yana wenyewe, na kwamba kabla ya ziwa kuitwa Victoria, Waganda waliliita Nalubaale, na Wajaluo wakaliita Lolwe.

Jambo la pili: mzazi asimlishe kijana safari za wageni peke yake, kana kwamba Mwafrika kazi yake ni kutazamwa tu. Viko vitabu ambamo Mwafrika ndiye anayetazama. Mwaka 1902 Apolo Kagwa, Katikiro wa Buganda, alikwenda Uingereza kuhudhuria kutawazwa kwa Mfalme Edward wa Saba, na katibu wake, Ham Mukasa, akaandika habari za safari hiyo. Tafsiri ya Kiingereza ilitoka mwaka 1904, na mwaka 1975 ikahaririwa upya na Taban lo Liyong. Miaka sita kabla ya safari hiyo, mwaka 1896, Selim bin Abakari, mtu wa asili ya Komoro, alikuwa amesafiri na mwajiri wake Mjerumani hadi Urusi na Siberia, akayasimulia yote kwa Kiswahili. Habari zake zilichapwa mwaka 1901 katika mkusanyo wa Carl Velten uitwao Safari za Wasuaheli. Kijana anayemwona Mswahili akiwapima Warusi na Wasiberia kwa kipimo chake mwenyewe hujifunza kwamba ugeni ni jambo la pande zote mbili.

Wala si kila mgeni aliyetuandika alitudharau. Ibn Battuta, msafiri wa Moroko, alifika Mombasa na Kilwa mwaka 1331. Alieleza chakula cha watu, misikiti yao na sultani wao, na mji wa Kilwa akausifu kuwa miongoni mwa miji mizuri. Kijana akikumbushwa kwamba hayo yalionekana zaidi ya miaka 160 kabla ya Vasco da Gama kupita pwani hiyo, hataamini tena kwamba historia ya Afrika Mashariki ilianza siku jahazi la Wareno lilipotia nanga.

Jambo la tatu ni gumu zaidi, nalo ni kukubali kwamba hata vitabu vyetu wenyewe vina upande. James Mbotela, mwana wa watu waliokombolewa utumwani, alitoa kitabu chake Uhuru wa Watumwa mwaka 1934. Ni kitabu kifupi, chenye Kiswahili safi, kinachosomeka hata na mtoto wa miaka kumi na miwili; lakini Waingereza wameng'arishwa mno ndani yake. Apolo Kagwa aliandika historia ya wafalme wa Buganda, iliyotoka mwaka 1901. Nyakatura naye, mtu wa Bunyoro, akatoa historia ya Abakama mwaka 1947. Falme hizo mbili zilipigana vita kwa vizazi vingi, na mwenye kusoma kitabu kimoja tu atamsikia mshitaki asimsikie mshitakiwa. Askari wa polisi anaelewa jambo hili kuliko mtu mwingine yeyote: hapana kesi inayoamuliwa kwa ushahidi wa upande mmoja. Basi kama fedha zinatosha vitabu viwili, heri viwe viwili vinavyobishana kuliko viwili vinavyosifiana.

Kijana afundishwe pia kupambanua historia na hadithi iliyojengwa juu ya historia. Tamthilia ya Ebrahim Hussein, Kinjeketile, iliyotoka mwaka 1969, imewafundisha wanafunzi wengi habari za vita vya Majimaji vya mwaka 1905 hadi 1907. Lakini mwandishi mwenyewe ametahadharisha kwamba Kinjeketile wa jukwaani ni wa kubuniwa, si yule wa historia. Mwandishi anayesema hivyo waziwazi ni wa kuaminiwa. Wa kuogopwa ni yule anayebuni akanyamaza.

Sasa tuje dukani. Mzazi akishika kitabu, kwanza atafute mwaka kilipoandikwa, si mwaka kilipochapwa tena, maana jalada jipya mara nyingi huficha maneno ya kale. Pili, atazame kama kina ramani. Kitabu cha safari kisicho na ramani ni kama kikosi kilichotumwa bila mwongozaji. Tatu, afungue katikati asome kurasa mbili, aone kama wenyeji wana majina na maneno yao, au wametajwa kwa jumla kama miti ya njiani. Nne, aangalie kama mwandishi anatenga aliyoyaona na aliyoyasikia. Tano, aone kama kurasa zimeshonwa vizuri, maana kitabu cha kambini hupita mikononi mwa watoto wengi.

Umri nao uzingatiwe. Mtoto wa miaka minane hadi kumi yatosha apewe maisha ya mtu mmoja, yenye picha na sura fupi. Wa miaka kumi na moja hadi kumi na minne hupenda safari, hatari na njaa ya njiani. Huyo apewe msafiri mwenye macho makini. Aliyefika miaka kumi na mitano aweza kupewa vitabu viwili vinavyopingana, na jioni aulizwe yupi amemsadiki na kwa nini. Habari za mauaji na utumwa asifichwe, lakini asiachwe peke yake nazo. Mzazi akae karibu.

Na mahali ambapo duka liko mbali, au mfuko ni mtupu, bado iko njia. Katika Vita vya Pili vya Dunia maelfu kwa maelfu ya vijana wa Afrika Mashariki walipelekwa kupigana, wengi wakafika hadi Burma. Robert Kakembo, askari wa Uganda, aliandika kitabu kidogo kuhusu fikra za askari Mwafrika wa vita hivyo. Wengine karibu wote walirudi na habari zao vichwani, na habari nyingi zimezikwa pamoja nao. Vivyo hivyo, askari wa leo aliyelinda mpaka, mke wake aliyehama mara saba na watoto mgongoni, na bibi aliyekumbuka jina la zamani la kilima, wote ni vitabu visivyoandikwa. Mtoto apewe daftari na kalamu, amwulize babu: ulipita wapi, ulikula nini, nani alikupokea, nani alikufukuza? Aandike tarehe, aandike majina, na asipojua aulize tena.

Siku ya uhamisho ikifika, daftari hilo liwekwe pamoja na vile vitabu viwili katika sanduku la chuma, chini ya nguo, nalo sanduku lipakiwe kwanza kabla ya godoro. Huko kuendako kutakuwa na bomba jingine la maji na majirani wengine, na maneno yale yale yatasemwa. Mtoto aliyezoea kuuliza nani anasimulia hatayabeba nyumbani kabla hajayapima.