Nyashimo: Jua la ziwani halina undugu

Wiki hii usinitafute mjini, maana tunafunga zipu ya begi na kuelekea Nyashimo. Na tafadhali usiulize "ndiyo wapi huko?" mbele ya wenyeji, utawaudhi bure! Nyashimo ndiyo makao makuu ya Wilaya ya Busega, mkoani Simiyu, mkoa ulioanzishwa mwaka 2012. Kabla ya hapo Busega ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Magu, Mwanza.

Ukitokea Mwanza unapanda gari stendi ya Nyamhongolo. Unaipita Kisesa, yalipo Makumbusho ya Wasukuma ya Bujora, unaipita Magu, halafu unaendelea na barabara kuu ya kwenda Musoma. Ziwa Victoria liko upande wa kushoto, mara linachungulia, mara linajificha. Ukisinzia ukapitiliza utashtukia uko Lamadi, njia panda ya kwenda Bariadi. Ukizidi kukoroma utaamkia lango la Ndabaka, Serengeti, ukawaeleze nyumbu shida yako!

Sasa wewe mtoto wa mjini najua utagombea kiti cha dirishani. Sawa, kaa, lakini ujue kioo cha pembeni kinapunguza miale inayounguza tu. Ile inayozeesha ngozi na kuleta madoa inapita kama kawaida. Na ukishuka Nyashimo usidanganywe na kile kiupepo cha ziwani. Kinakupoza mwili huku jua linafanya kazi yake kimyakimya. Huku ni nyuzi mbili na ushei tu kusini mwa ikweta, na ziwa lenyewe liko mita zipatazo 1,134 juu ya usawa wa bahari. Shirika la Afya Duniani linasema kila ukipanda mita 1,000, miale ya jua inaongezeka kwa takriban asilimia 10. Kwa hiyo uliyetoka Dar na uso wako laini, hapa umepanda daraja bila kujua.

Basi nikafikia kwa binamu yangu. Huyu mtoto anaolewa hivi karibuni, na nyumba nzima inazungumza harusi. Baada ya salamu za "mwangaluka" na sahani ya michembe, akanivuta chumbani kunionyesha meza yake ya urembo. Mwenzangu, makopo saba! Sabuni ya uso, tona, seramu ya vitamini C, krimu, losheni ya jua, poda na vaselini. Kila kitu kizuri, kila kitu kimelipiwa. Tatizo ni jinsi anavyovipaka.

Asubuhi anaanza na vaselini, "ili ngozi ilainike kwanza." Juu yake anaweka seramu, inateleza kama maji juu ya jani la mgomba. Halafu krimu, halafu poda. Akiwa anatoka mlangoni ndipo anakumbuka losheni ya jua, anaipaka juu ya poda, uso unakuwa kama ukuta uliochapwa chokaa usiku.

Nikamwambia, "Mdogo wangu, hapo umevaa koti kwanza, shati likafuata, fulana ikawa juu kabisa."

Akacheka. "Basi nipange wewe, dada."

Nikampanga, na wewe msomaji kaa hapo hapo upate bure. Kanuni ni moja tu: chepesi kabla ya kizito, cha majimaji kabla ya cha mafuta. Kitu chepesi kinatakiwa kiifikie ngozi. Ukikitangulizia mafuta mazito kama vaselini, umefunga mlango halafu unamgongea mgeni aingie.

Kwanza, nawa uso kwa maji safi na sabuni isiyokausha ngozi. Na ninaposema maji safi simaanishi kukimbilia ufukweni kujimwagia ya ziwani! Maji ya Ziwa Victoria yana kichocho sehemu nyingi, na mdudu wake anapenya kwenye ngozi nzima, bila kidonda. Nawa nyumbani, ukauke kwa kitambaa safi kwa kugusagusa, siyo kusugua kama sufuria.

Pili ni tona, kama unayo. Kama huna, usikope hela, siyo lazima. Inapakwa kwa mikono au kwa pamba, na hapa pamba haina shida, maana Simiyu ndiyo inayoongoza nchini kwa zao hilo. Ndiyo mkoa ambao hata asiye na pamba za kutokea ana pamba shambani!

Tatu ni seramu. Matone machache yanatosha. Ya vitamini C inafaa asubuhi. Zenye retinoli subiri usiku, kwa sababu zinaifanya ngozi iliwe na jua haraka. Mjamzito retinoli aiache kabisa.

Nne ni krimu au losheni ya kutunza unyevu. Mwenye ngozi ya mafuta achukue nyepesi, mwenye ngozi kavu achukue nzito kidogo. Kama daktari amekuandikia dawa ya chunusi, mara nyingi inatangulia krimu, ila fuata alivyokuelekeza yeye, siyo mimi.

Tano, na hapa ndipo mwisho wa huduma za asubuhi, ni losheni ya jua. Tafuta ya SPF 30 au zaidi, ambayo inazuia takriban asilimia 97 ya miale inayounguza. Chora mistari miwili kwenye vidole viwili, cha shahada na cha kati, hicho ndicho kipimo cha uso, na shingo iongezee yake. Ipake dakika 15 kabla ya kutoka, na ukishinda nje rudia kila baada ya saa mbili. Poda, wanja na lipshaini vinakuja juu yake, kamwe siyo chini.

Usiku unaondoa urembo wote, unanawa, unapaka seramu yako na krimu. Losheni ya jua iache ilale. Vaselini sasa ndiyo inapata kazi yake: unaipaka mwisho kabisa, kwenye midomo na sehemu zilizokauka, ifunge unyevu ndani.

Najua kuna kaka anasoma hapa na kusema mambo haya ni ya kina dada. Kaka, dereva wa bodaboda anayepiga njia ya Nyashimo na Lamadi mchana kutwa, na mvuvi anayepigwa na jua la juu na la kwenye maji, ndio wanaohitaji hiyo namba tano kuliko bibi harusi! Na ule wimbo wa "sisi weusi jua ni letu" tuupunguze sauti. Ni kweli weusi wetu ni kinga, na wataalamu wameukadiria kuwa kama SPF 13 hivi. Lakini 13 siyo 30, na madoa hayaulizi kabila.

Sasa ngoja nikueleze kilichoninyima usingizi Nyashimo. Nilipomaliza kumpanga, binamu akainama, akatoa kopo la nane chini ya kitanda. Halina lebo, halina jina, krimu yake nyeupe inanukia kama sabuni.

"Na hii, dada, inaingia namba ngapi?"

Nikamuuliza ameitoa wapi. Mnadani. Ameambiwa wiki tatu tu atakuwa mweupe kama msanii wa kwenye kalenda, na picha za harusi zitamjibu.

Msomaji, hiyo haina namba. Siyo ya kwanza wala ya mwisho. Mikorogo mingi ya aina hiyo imekutwa na zebaki, haidrokwinoni au steroidi kali. Zebaki inaingia mwilini na kuumiza figo. Haidrokwinoni ikitumiwa muda mrefu inaweza kukuachia mabaka meusi ya bluu ambayo hayatoki kirahisi, yaani ulikimbia weusi ukakuta weusi mwingine. Steroidi zinaifanya ngozi iwe nyembamba, michirizi inatokea, kidonda kinachelewa kupona. Vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni vimepigwa marufuku nchini, na tangu 2019 usalama wa vipodozi unasimamiwa na TBS, kazi iliyokuwa ya TFDA. Kingine ni hiki: ngozi iliyochubuliwa ndiyo inayoungua upesi, na unaipeleka wapi? Kwenye jua hili hili la Busega!

Binamu alinyamaza. Kisha akasema taratibu, "Wifi zangu wote weupe, dada. Nitasimama katikati yao." Hapo nikaelewa kwamba shida haikuwa ngozi. Nikamwambia mwanaume aliyetoa mahari alimwona na rangi yake, na ng'ombe hawakurudishwa zizini. Alicheka, lakini kopo alilirudisha chini ya kitanda, hakulitupa. Kwa bahati alikuwa amelitumia siku nne tu. Wewe uliyetumia miezi, usiache kimyakimya halafu uso ukiwaka moto urudie. Nenda hospitali, mweleze daktari ukweli, akusaidie kutoka.

Asubuhi yake, barabarani, nilimwona mtoto mwenye ualbino anakwenda shule, kofia pana kichwani, mikono mirefu mpaka viganjani. Kwake namba tano siyo urembo, ni uhai, kwani bila kinga saratani ya ngozi huwaanza watu wenye ualbino mapema. Ndiyo maana pale KCMC, Moshi, ilianzishwa kazi ya kutengeneza losheni ya jua maalumu kwa ajili yao, Kilisun. Kuna anayekesha akitafuta ngozi nyeupe, na kuna aliyezaliwa nayo anayeishi akijificha na jua. Hebu litafakari hilo.

Mfuko ukiwa mwembamba, panga na manunuzi pia. Sabuni laini kwanza, krimu ya kawaida pili, losheni ya jua tatu. Ikikosekana, kofia pana, mwavuli na kivuli cha mwembe vinasaidia sana. Seramu ije fedha ikibaki. Na shughuli za nje zifanye kabla ya saa nne asubuhi au baada ya saa kumi jioni, wakati ambao ufukwe nao ndiyo unapendeza, mitumbwi inang'aa na dagaa wanaanuliwa.

Harusi ni mwezi ujao na mwaliko ninao mkononi. Nimebeba losheni ya jua mbili, moja yangu, moja ya bibi harusi. Tukutane wiki ijayo, tukijaliwa!