Wageni wa Kaskazi: Ndege wa Mida na Msitu wa Arabuko-Sokoke

Wazee wetu walihesabu mwaka kwa pepo mbili, kusi na kaskazi. Kaskazi ilileta majahazi ya Arabuni na Ghuba, yenye tende, mazulia na habari za jamaa; kusi ikayarudisha kwao. Majahazi hayo sasa ni machache mno. Wako, hata hivyo, wasafiri wengine wa njia zile zile ambao hawajaacha desturi yao, nasi tunaoishi Mombasa, Kilifi na Malindi huwapita kila siku bila ya kuwatazama. Ni ndege wa pwani. Huanza kuwasili mwezi wa Septemba, hukaa nasi kaskazi yote, na ifikapo Aprili wengi wao huwa wamekwishaondoka kwenda kutaga.

Januari iliyopita tulifunga safari, familia tatu kutoka Mombasa, kwenda kuwaangalia. Tulifuatana na watoto na bibi yetu mmoja mzaliwa wa Faza, ambaye mwanzoni alisema kwamba anakuja kwa ajili ya upepo tu. Ikadhihirika kuwa ndiye aliyekuwa na elimu tuliyoihitaji. Watoto wetu wa shule walijua majina ya ndege kwa Kiingereza, tena ya ndege wa vitabuni ambao hawako kwetu. Bibi alikuwa na majina ya walioko.

Hori ya Mida iko karibu kilomita 100 kaskazini ya Mombasa, kabla ya kufika Gede. Bahari huingia hapo kwa mlango mwembamba, kisha hutanda katikati ya mikoko. Wenyeji wa Mida wana daraja la mbao lililoning'inizwa juu ya mikoko, lenye kibanda mwisho wake, na ada inayolipwa husaidia karo za watoto wa vijiji vya jirani. Daraja huyumba. Wenye mabuibui marefu na washike upindo kwa mkono mmoja na kamba kwa mkono wa pili, na mtoto asiachwe kukimbia.

Siri ya Mida ni maji. Yakiwa yamekupwa kabisa, ndege hutawanyika mbali matopeni na huonekana kama punje za mtama. Yakianza kujaa, huwasukuma polepole hadi karibu na kibanda, na hapo ndipo pa kuketi kimya na darubini. Wa kwanza kutambulika alikuwa sululu, kwa kuwa jina lake limebeba sura yake: mdomo mrefu uliopinda kuelekea chini kama ncha ya sululu ya kuchimbia. Huutia kwenye shimo la kaa na kumtoa mzimamzima. Baada yake walikuja vitwitwi, makundi kwa makundi, wadogo, wa kijivu, wasiotulia. Bibi aliwataja wote kwa jina hilo moja. Mwongozaji wetu, kijana wa Kigiriama, aliwagawa katika aina saba au nane, na wengine alisema wametoka Siberia. Wote wawili walikuwa na haki. Jina la bibi linatosha kwa mvuvi. La kijana linahitajika kwa anayetaka kujua nani amepungua mwaka huu.

Lakini aliyetuweka pale hadi miguu ikafa ganzi ni ndege anayekula kaa. Ni mweupe kama kanzu ya Ijumaa, na mgongoni amejitupia joho jeusi. Miguu yake ni mirefu, na mdomo wake ni mweusi, mzito, uliochongoka. Huyu ndiye jamaa hasa wa majahazi. Wakati wa kusi huzaa katika visiwa na fukwe za mchanga za Ghuba, za Omani, za Bahari ya Shamu na za Somalia. Ndege wenzake wa matopeni hutaga juu ya ardhi. Yeye huchimba shimo refu mchangani, na mara nyingi hutaga yai moja tu, jeupe, ambalo joto la ardhi humsaidia kulitamia. Kinda likikua hufuatana na wazazi wake hadi kwetu, na hata baada ya kuvuka bahari yote hiyo bado hulishwa. Tulimwona mmoja, wa kijivu kidogo kuliko mama yake, akimwandama na kulia mpaka akapewa kaa. Mama mmoja miongoni mwetu, aliye na kijana wa miaka ishirini nyumbani, alicheka peke yake, wala hakuulizwa sababu.

Kabla ya Maghrib walikuja keremkerem wekundu. Hawa huzaa kaskazini ya ikweta, katika nchi kavu, na hushinda mchana wakiwinda nyuki na nzige mashambani. Jioni hurejea kulala kwenye mikoko. Waliingia kwa makundi, wakageuka mara moja juu ya maji, na jua likawapiga ubavuni. Adhana ilipotufikia kutoka upande wa kijiji, miti ilikuwa imekwishajaa.

Asubuhi ya pili tuliingia msituni, ng'ambo ya barabara kuu. Arabuko-Sokoke una takriban kilomita mraba 420, na katika misitu mikavu ya pwani iliyosalia Afrika Mashariki, hakuna kipande kikubwa kuliko hiki. Ndege wa msituni ni wa kusikilizwa kwanza. Tulidhani kuna mtoto mchanga anayelia juu ya miti, kumbe ni hondohondo. Jike la hondohondo, wakati wa kutaga, huingia katika tundu la mti na kuziba mlango, akaacha ufa mwembamba. Dume humletea chakula na kumpitishia ufani. Bibi alipoelezwa alisema kwamba hiyo ni arubaini kamili, isipokuwa hondohondo hana wifi wa kumchungulia.

Tulisikia pia kororo wakikwaruza majani makavu. Hawa ni jamaa za kanga, ila wana kishungi cha manyoya meusi yaliyojikunja kichwani. Kanga mwenyewe hana haja ya kuelezwa kwa wasomaji wa ukurasa huu: inasemekana leso zetu zilipata jina kwake, kwa sababu ya madoadoa yake.

Msitu huo hubadilika kwa udongo. Penye mchanga mweupe humea mirihi, na vileleni mwake hupita mnana ambaye hapatikani popote duniani isipokuwa katika Kaunti ya Kilifi. Wataalamu walimwandika mwaka 1913, lakini hawakujua anakozaa. Ilichukua miaka 100. Kiota chake kilikutwa mwaka 2013 katika bwawa la manyasi huko Dakatcha, kaskazini magharibi ya Malindi, na wenyeji wa hapo walikuwamo katika kumtafuta. Dakatcha haina hifadhi ya serikali kama Arabuko-Sokoke, na miti yake hukatwa kwa ajili ya makaa. Gunia la makaa halina anwani. Huenda limetoka huko, huenda halikutoka.

Penye udongo mwekundu, kwenye vichaka vilivyosongamana, huishi bundi mdogo wa Sokoke. Hapa palitokea mashaka. Lugha yetu yenyewe inashuhudia jinsi watu wa kale walivyowatazama ndege: tunasema ndege njema na ndege mbaya, tukikusudia bahati na nuksi. Bundi ndiye aliyebebeshwa mzigo mzito kuliko wote. Dini yetu imekataza kuagulia ndege, nasi twalijua hilo, lakini bundi akilia juu ya paa usiku wangapi hawafungui mlango wamfukuze? Bibi alibaki nyuma. Mwongozaji akamwita kwa upole: "Bibi, njoo taratibu, amelala."

Walikuwa wawili, wamebanana tawini kimo cha mtu, mmoja wa rangi ya kutu na wa pili kijivu. Kimo chao hakikuzidi sentimita 17. Chakula chao ni wadudu. Wataalamu hawakumjua bundi huyu hadi miaka ya 1960, na mbali na msitu huu na maeneo ya jirani, amepatikana chini ya milima ya Usambara, Tanzania. Bibi aliwatazama kwa muda mrefu, kisha akasema, "Huyu hata panya hamwezi. Nuksi ataitoa wapi?"

Hayo ni ya Mida na msituni. Nyumbani mambo ni mengine, na hapa sitaficha neno. Shore aliyekuwa akiimba mpapaini baada ya alfajiri, chozi aliyefyonza maua uani, pugi na mnana wa minazini, wote wanaliwa mayai na makinda na kunguru mwenye shingo ya kijivu. Si mwenyeji. Aliletwa Zanzibar kutoka India mwishoni mwa karne ya 19 ili ale taka za mji, na mwaka 1947 akaonekana Mombasa. Juni 2024 Shirika la Huduma kwa Wanyamapori (KWS) lilitangaza mpango wa kuwaangamiza kunguru milioni moja. Sumu itawapunguza, lakini anayewazidisha ni jaa. Siku ya pili ya Idd-el-Hajj, pitia mtaa wowote uone matumbo ya vichinjo yaliyotupwa wazi, na kunguru walioyazunguka. Shimo la futi tatu linachimbwa na vijana wawili kabla ya chai.

Kunguru wetu wa asili ni mkubwa zaidi, mweusi, mwenye kifua na ukosi mweupe. Bibi alisema utotoni mwake neno kunguru lilikuwa na maana ya huyo tu. Watoto hawakupata kumwona.

Atakayekwenda na achague kati ya Novemba na Machi, aulize saa za maji kwa mvuvi kabla ya kutoka, na aingie msituni alfajiri na mwongozaji. Avae rangi zilizofifia, na achukue darubini moja kwa kila watoto wawili ili wasigombane. Sisi tulichukua daftari pia: ukurasa wa kushoto jina la bibi, wa kulia jina la mwongozaji. Kurasa za kushoto zilijaa zaidi ya tulivyotarajia.

Tukirudi, tulipofika kwenye mashamba ya mkonge ya Vipingo, bibi aligonga kioo cha gari ghafla. Juu ya nguzo ya umeme alikuwa amesimama mmoja, kifua cheupe, ameelekea baharini. Watoto wote wakahamia upande mmoja wa gari, na dereva akapunguza mwendo.